Udongo wa Eguisheim

Tulikuwa wanane kwenye basi dogo, na saba walikuwa wamelipia divai. Mimi sinywi. Kabla ya kutoa pesa niliuliza kama kuna safari ya miji ya kale peke yake, nikaambiwa kwamba Alsace vitu hivyo viwili haviuzwi mbalimbali. Kwa hiyo kila basi liliposimama, wenzangu wakateremka ngazi za ghala kwenda kuonja, mimi nilibaki barabarani nikitazama kuta. Saa nne asubuhi, katika kijiji cha Eguisheim, kilomita chache kusini mwa mji wa Colmar, nikagundua kwamba nyumba zile za kadi za posta, zenye miti iliyopishana na maua madirishani, ni nyumba za fito na udongo.

Sikuambiwa na mtu. Nilikuwa kwenye uchochoro wa nyuma, upande ambao hakuna anayepanda maua, na chokaa ya ukuta mmoja ilikuwa imebanduka kipande cha ukubwa wa sinia. Ndani yake nikaona fito zimesimama, zimechomekwa katikati ya boriti mbili, na udongo wa rangi ya chai ya maziwa umezishika pande zote. Vipande vya mabua vilitokeza humo. Juu ya udongo kulikuwa na michirizi ya vidole, mitatu mitatu, aliyoiacha fundi ili chokaa ipate pa kushika. Nilisogea hadi pua ikakaribia kugusa ukuta. Mama mmoja aliyekuwa akipita na mkate kwapani alinitazama kwa huruma.

Nikapiga picha nikaituma Tanga, kwa mjomba wangu, ambaye amekandika nyumba tangu ujana wake hadi magoti yalipomkataza. Salamu niliziandika chini ya picha. Jibu lilikuja kwa sauti, na nyuma yake kuku wanasikika: "Marahaba, mjomba. Hapo ni wapi, Muheza?"

Nilimwambia ni Ufaransa. Akanyamaza siku nzima.

Ni Ufaransa ya pembeni kabisa, kwa kweli. Alsace ni ukanda mwembamba mashariki mwa nchi, mto Rhine upande mmoja na milima ya Vosges upande wa pili. Ufaransa ilianza kuutwaa mwaka 1648, Ujerumani ikauchukua mwaka 1871, ukarudi Ufaransa mwaka 1918, ukachukuliwa tena mwaka 1940, na vita vilipokwisha ukawa wa Ufaransa mpaka leo. Majina ya vijiji yanasikika Kijerumani na bendera ni ya Kifaransa. Mizabibu imepandwa kwenye vilima vya chini vya Vosges, na Njia ya Divai, iliyozinduliwa mwaka 1953, inavifuata kwa takriban kilomita 170 kutoka Marlenheim hadi Thann. Mawingu ya magharibi hushusha mvua yao upande wa pili wa milima, na yanapofika Colmar yamekwisha kukamuliwa. Mji huo ni miongoni mwa miji mikavu ya Ufaransa. Kwenye basi tulielezwa kwamba ukavu huo ni neema kwa zabibu. Kwa kuta za udongo je? Hilo ilibidi niulize mwenyewe.

Mwongozaji wetu alikuwa mwanamke wa makamo, mwenye sauti iliyokwaruzwa na miaka ya kupaza maneno juu ya injini za mabasi. Aliponikosa ghalani alitoka kunitafuta, akanikuta bado niko uchochoroni. Nilidhani atanihimiza. Badala yake aliinama, akatazama lile shimo la chokaa, akasema baba yake alikuwa seremala wa nyumba hizi na kwamba ya divai anayasema kwa sababu ndiyo yanayomlipa. Kuanzia hapo, kila wenzangu walipoingia kuonja, alikuwa akiwakabidhi kwa mwenye ghala na kurudi nje. Nadhani alikuwa na muda mrefu hajapata msikilizaji wa habari za vigingi.

Jambo la kwanza alilonifundisha ni kwamba seremala wa Alsace hakuijenga nyumba pale itakaposimama. Aliijenga kwanza ikiwa imelala. Palitafutwa uwanja sawa, pakachorwa chini mistari ya ukuta mzima kwa ukubwa wake halisi, kisha miti ikalazwa juu ya mistari hiyo, mmoja juu ya mwingine, na kila mahali ilipokutana pakatiwa alama kwa timazi. Miti haikulazimishwa kunyooka. Kila kiungo kilichongwa kwa ajili ya miti miwili ile ile, na ukiuleta wa tatu haukubali. Ustadi huu wa kuchora na kupima, ambao maseremala wa Ufaransa huuita sanaa ya mstari, uliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa binadamu mwaka 2009. Wengi wanaotazama nyumba hizi hawajui kwamba kazi kubwa ilifanyika mtu akiwa amepiga magoti chini.

Mti wa heshima ni mwaloni. Ulikatwa hasa wakati wa baridi, maji yakiwa yametulia ndani yake, na ukachongwa mbichi. Hili lilinishangaza, maana nilikua nikisikia kwamba mbao ni lazima zikae zikauke. Mwongozaji alicheka. Mwaloni mbichi, alisema, unalikubali shoka, lakini ukikauka miaka kadhaa unalirudishia makali yake mkononi mwako. Seremala aliugeuza gogo kuwa boriti ya pande nne kwa shoka, akifuata nyuzi za mti, na kama mti ulipinda tangu msituni aliuweka akiba kwa mahali panapotaka kupinda. Kwa kuwa miti ilitumiwa mbichi, leo wataalamu wa kuhesabu pete za miti wanaweza kuipima boriti na kusema ilikatwa mwaka gani, na nyumba ilisimama muda mfupi baadaye. Fundi hakuandika tarehe, ila mti ulikuwa umeiandika.

Ubichi una gharama yake. Boriti inapokauka mahali pake husinyaa kwa unene, hupasuka mipasuko mirefu, hujinyonga kidogo. Seremala alijua hivyo, na viungo vyake alivipanga vivumilie hali hiyo, hata vinufaike nayo. Mwisho wa mti mmoja huchongwa ulimi, na ubavuni mwa mti wa pili hutobolewa tundu la kuupokea. Kisha kekee hupitisha tundu jingine dogo ubavuni, la kigingi. Na hapa ndipo fundi anapojulikana na mwanafunzi anapoumbuka. Tundu la kigingi kwenye ulimi halilingani sawasawa na lile la mti unaoupokea. Limesogezwa makusudi, unene wa sarafu tu, kuelekea shinani mwa ulimi. Kigingi cha mwaloni mkavu kinapogongwa, hakipati njia iliyonyooka. Hulazimika kujipinda kidogo, na katika kujipinda huuvuta ulimi uingie zaidi, hadi mabega ya mti mmoja yanabana kwenye mwili wa mwenzake. Ukisogeza tundu kupita kiasi, kigingi kinavunjika humo humo na huwezi kukitoa. Ukisogeza pungufu, miti ikishakauka kiungo kinachezacheza. Kipimo chenyewe hakikuandikwa popote, alisema. Baba yake alikijua kwa sauti ya nyundo.

Alinionyesha vigingi hivyo kwenye nyumba baada ya nyumba. Ukishajua pa kutazama, unaviona kila mahali: vichwa vidogo vya mviringo, vingine vimetokeza inchi nzima kwa sababu fundi hakuona haja ya kuvikata. Nguzo, boriti, makombamoyo, vyote vimeshikwa na misumari ya mti. Nilijaribu kuhesabu kwenye ukuta mmoja. Nilipofika sitini wenzangu walitoka ghalani, mashavu yamewaiva, na tukapanda basi.

Kabla ya kuondoka alinivuta mkono nikaone kitu kimoja zaidi. Kwenye nguzo ya pembe, karibu na kiungo, kulikuwa na mikwaruzo mitatu na alama ya V. Nilidhani ni watoto. Ni namba. Kiunzi kilipokwisha kuunganishwa chini uwanjani, kila kiungo kilitiwa namba kwa patasi kwenye miti yote miwili, kikafumuliwa, kikapakiwa kwenye mikokoteni, kikapelekwa kwenye kiwanja, na kusimamishwa kwa kufuata namba. Zilitumika tarakimu za Kirumi kwa sababu ni mistari iliyonyooka, na patasi haipendi kuchora duara. Aghalabu nne ni vijiti vinne, na tisa ni V yenye vijiti vinne. Kimkia kidogo pembeni hutofautisha ukuta wa kushoto na wa kulia, au ghorofa ya chini na ya juu. Nilichokuwa nikikiona kama uchafu ni maandishi ya kazini, yaliyokusudiwa kusomwa siku moja tu na vibarua wenye haraka. Yamesomeka kwa karne nne.

Kwa kuwa nyumba iliweza kufumuliwa na kuunganishwa tena, kwa desturi ya zamani ya Alsace ilihesabiwa pamoja na mali zinazohamishika. Kiwanja kilikuwa kitu kimoja na nyumba kitu kingine. Mtu aliweza kuuza shamba akaondoka na nyumba yake juu ya mikokoteni. Nilifikiria majirani wangu Dar es Salaam wanaogombania ukuta wa zege wa sentimita ishirini, nikacheka peke yangu.

Riquewihr ni mji mdogo wenye ukuta, katikati ya mizabibu, na saa ya adhuhuri ulikuwa umejaa watu kama stendi siku ya sikukuu. Vita vya 1944 viliupita bila kuugusa sana, wakati vijiji jirani, Bennwihr, Mittelwihr, Sigolsheim, viligeuzwa vifusi katika mapigano ya majira ya baridi. Basi linapita Bennwihr dakika chache kabla ya kufika, na mtu asiyejua hushangaa kwa nini kijiji hicho ni cha nyumba za kisasa tupu. Nilichojifunza hapo ni kwamba "mji wa kale uliohifadhiwa" mara nyingi maana yake ni mji ambao mizinga ilielekezwa kwingine.

Lango la juu la Riquewihr ni mnara uitwao Dolder, wa mwaka 1291. Ukiwa nje ya mji, upande aliokuwa akitokea adui, unaona jiwe tupu, refu, lenye sura ya askari asiyependa maswali. Ingia ndani ugeuke nyuma: mnara ule ule una uso wa miti na udongo, ghorofa juu ya ghorofa, na madirisha, kama nyumba ya jamaa. Walinzi waliishi humo na familia zao. Jiwe lilikuwa la kumwonyesha mgeni, fito zilikuwa za kukaa. Sijui mnara mwingine unaosema wazi hivyo.

Chini ya mnara huo wageni walikuwa wakielezwa maana za maumbo ya miti ukutani, na mwongozaji wetu naye alitueleza, kwa sauti ile ya kazini. Miti miwili iliyopishana ni msalaba wa Mtakatifu Andrea. Umbo la almasi huelezwa kuwa ni uzazi. Nguzo yenye miti minne ya mshazari, miwili kama mikono iliyoinuliwa na miwili kama miguu iliyotanuka, huitwa Mann, yaani mtu, nao wanasema ni nguvu. Kundi lilipiga picha. Baadaye aliniambia kwa chini kwamba wageni wanapenda maana kuliko kazi. Kazi ya mti wa mshazari ni kuzuia kiunzi kisilale upepo unapokisukuma ubavuni. Fremu ya pembe nne ni rahisi kuiangusha upande, mtoto yeyote aliyewahi kutengeneza goli la miti anajua, lakini ukiweka pembetatu ndani yake haiendi popote. Fundi alihitaji pembetatu. Alipoona zinaweza kufanana na mtu, akaziacha zifanane. Mimi naona hiyo ni heshima kubwa zaidi kwa yule Mann kuliko kumfanya hirizi: ameinua mikono kwa sababu amebeba ghorofa.

Ghorofa zenyewe hutokeza juu ya njia, kila moja ikizidi ya chini yake kwa hatua fupi, hadi nyumba mbili zinazotazamana zinakaribia kupeana mikono. Zipo sababu kadhaa zinazotolewa, na ile ya kupata nafasi zaidi juu ya kiwanja kidogo inaeleweka na kila mkazi wa mjini. Ninayoipenda mimi ni ya maji. Mvua inayoteremka ukutani hudondokea njiani, haiufikii ukuta wa chini. Na ukuta wa chini mara nyingi ni wa jiwe, mchanga mgumu wa rangi ya waridi kutoka Vosges, ambamo kuna ghala la divai. Gogo la kwanza la kiunzi limelala juu ya jiwe hilo, mbali na unyevu wa ardhi. Paa nalo ni la mwinuko mkali, limejaa vigae bapa vyenye ncha ya mviringo vinavyoitwa mkia wa biva, yule mnyama wa mtoni, na limevutwa nje ya ukuta kwa ukarimu. Ukiuliza kwa nini fito na udongo zimedumu miaka 400 au 500, jibu lote liko pale juu na pale chini. Katikati ni matope.

Lakini matope yana utu wake. Udongo wa nyanda za Alsace uliletwa na upepo katika enzi za barafu, mwororo kama unga, na ndiyo maana mashamba yake yana rutuba. Unachanganywa na maji na mabua yaliyokatwakatwa, unakanyagwa kwa miguu, unaachwa ulale, unakanyagwa tena. Fito za mwaloni zilizopasuliwa huchomekwa kwa nguvu kati ya boriti, juu zikiingia kwenye vitundu, chini zikiteleza kwenye mfereji. Kisha udongo unapigwa pande zote mbili kwa wakati mmoja, mtu mmoja ndani na mwingine nje, ili mikono ikutane katikati ya fito. Juu yake huja chokaa, nyepesi, inayoruhusu ukuta kutoa unyevu. Mwaloni ukisinyaa, udongo unafuata. Ukipasuka, unaloweshwa na kupigwa tena, ule ule. Hakuna kinachotupwa.

Kosa kubwa lilikuja na mfuko wa saruji. Karne iliyopita wenye nyumba wengi walipiga plasta ya saruji juu ya udongo wakidhani wanaimarisha. Saruji haipumui. Maji yaliyokuwa yakiingia kidogo na kutoka kidogo yakaingia na kukaa, na mwaloni uliovumilia vita vya miaka thelathini ukaoza nyuma ya ukuta uliopendeza. Mafundi wa leo hutumia siku nyingi kuibandua. Mjomba, kwa habari yenu, aliwahi kukataa kazi ya bwana mmoja Pongwe kwa sababu hiyo hiyo. Alimwambia nyumba ya udongo ukiivalisha saruji umeivalisha koti la mvua kwa ndani. Bwana yule akamtafuta fundi mwingine, na nyumba ikaanza kubomoka vipande vipande baada ya masika mawili.

Ghala la mwisho niliingia. Mwongozaji alinisihi, akasema humo sitahitaji kunywa. Ngazi ziliteremka chini ya nyumba, baridi ikapanda hadi magotini, na pale ukutani yalikuwa yamepangwa mapipa makubwa ya mwaloni, umbo la yai, marefu kuliko mtu. Katika mji huu wa Riquewihr lipo pipa la mwaka 1715 ambalo bado hutiwa divai baada ya kila mavuno. Wenzangu walikuwa wakizungumza Riesling na Gewurztraminer. Mimi nilikuwa nikipapasa mbao.

Maana hii ni kazi ile ile iliyogeuzwa. Pipa nalo halina gundi wala msumari ubavuni. Mbao zake zimechongwa pembeni kwa mshazari mdogo ili zikikaa pamoja zitengeneze duara, zimepindwa kwa moto na maji, zimebanwa kwa pete za chuma. Likikaa tupu na kavu, mbao husinyaa na pipa huvuja kama kikapu. Likijazwa, mwaloni hunywa, huvimba, na viungo hufunga hata hewa ipite kwa kunong'ona tu. Juu ya kichwa changu mwaloni ulikuwa umedumu kwa sababu maji yamezuiwa yasiufikie. Chini hapa, mwaloni wa msitu ule ule umedumu kwa sababu haujawahi kuachwa ukauke. Wale mafundi wawili, wa nyumba na wa pipa, pengine walinunua magogo kwa mfanyabiashara mmoja na kunywa kwenye meza moja, kila mmoja akimwona mwenzake anafanya mambo kinyume.

Nilimweleza mwongozaji hayo nikidhani nimevumbua. Alisema baba yake alikuwa na mzaha huo huo.

Safari ililipiwa siku moja, lakini sikuridhika, na kesho yake nilipanda basi la abiria peke yangu kwenda Ungersheim, kusini, ambako kuna kijiji kisichokuwa na wakazi wa kawaida. Katika miaka ya 1970 nyumba za kiunzi zilikuwa zikibomolewa kote Alsace. Watu walitaka bafu, madirisha makubwa, matofali ya saruji, na hakuna haki ya kuwalaumu. Vijana wa kujitolea wakaanza kuziokoa, na zilizokuwa hazina pa kubaki wakazifumua, boriti kwa boriti. Walifaulu kwa sababu ya zile namba za patasi. Nyumba zilikuwa zimeandikwa tangu mwanzo namna ya kuzifumua. Makumbusho yalifunguliwa mwaka 1984, na leo kuna majengo zaidi ya 70 yaliyohamishwa, yamesimama kama kijiji, moshi unatoka, na korongo wanatengeneza viota juu ya paa.

Kwenye uwanja mmoja seremala kijana alikuwa akichonga gogo kwa shoka pana lenye makali ya upande mmoja na mpini uliopinda, ili vidole vya mchongaji visikwaruzwe na mti. Nilikaa juu ya kisiki nikamtazama karibu saa mbili. Kwanza alipanda juu ya gogo akakata mikato mifupi, kila baada ya hatua, hadi kwenye mstari. Kisha akashuka, akabandua vipande kati ya mikato, vizito, vikianguka kama mikate. Mwisho akapita tena na shoka lile pana, akiangusha uzito wake tu bila kulisukuma, na maganda membamba yakatoka yakijikunja. Kila dakika kumi alisimama, akapitisha kiganja juu ya mti bila kuutazama. Mara moja tu alipiga pigo lisilofaa. Nilijua kwa sababu alijiambia neno ambalo kwa lugha zote hutamkwa kwa sura ile ile.

Mashoka ya aina hiyo yana habari nyingine. Paa la kanisa la Notre-Dame la Paris lilipoungua tarehe 15 Aprili 2019, palikuwa na waliosema lijengwe upya kwa chuma au zege. Likaamuliwa liwe la mwaloni, mbichi, uliochongwa kwa mkono kama ule wa karne ya 13, na mashoka ya wachongaji yakafuliwa huku Alsace. Kanisa lilifunguliwa tena Desemba 2024. Walioogopa kwamba hakuna tena wanaojua kazi hiyo walikuta mafundi wapo, tena vijana, kwa sababu nyumba ndogo za vijiji kama hivi ziliendelea kuhitaji boriti kubadilishwa, moja mwaka huu, moja mwaka kesho.

Mchana, mama mmoja mwenye gauni la kitani aliwaita watoto wa shule kwenye dimbwi la udongo, akawaruhusu kupiga ukuta wa mazoezi. Nilisimama nyuma ya foleni ya watoto wa miaka minane. Zamu yangu ilipofika nilivua saa. Udongo ulikuwa baridi na wenye harufu ya zizi, na mkono wangu ulikumbuka kabla yangu: unachukua donge, unalipiga kwa kiganja kutoka chini kwenda juu, unalisukuma hadi unaiona fito ikimezwa, halafu unalainisha kwa upande wa mkono. Sikuwa nimefanya hivyo tangu nikiwa na umri wa watoto wale, nyuma ya nyumba ya bibi, nikipigiwa kelele kwamba napoteza udongo. Mama wa gauni la kitani alisogea kutazama kipande changu. Aliuliza kwa Kifaransa kitu ambacho nilikielewa kwa sehemu, nikajibu kwa Kifaransa changu kibovu kwamba nimetoka mbali. Akanisogezea ndoo.

Jioni, kwenye kituo cha basi, udongo umekauka kwenye kucha, simu ikalia. Ilikuwa sauti ya mjomba, dakika tatu nzima. Alikuwa ameitazama ile picha ya Eguisheim kwa utulivu, akamwonyesha na fundi mwenzake. Fito wamezisimamisha vizuri, alisema, ila wamezipasua nyembamba mno. Vidole vile vya kushikia chokaa naye huvifanya, lakini kwa mshazari. Na kitu kingine.

"Mjomba, waulize hayo majani waliyotia ni ya nini."

Nikamjibu ni mabua ya ngano.

Sauti ya pili ilichelewa kidogo. "Ngano," akasema. "Haya. Kama hawana mpunga, watafanyaje."